Kidole Juu

Mama alipoambiwa kwamba kuanzia siku ile hatakuwa peke yake tena, aligeuka kutazama mlangoni aone nani anaingia. Hakuingia mtu. Kitinda, mwanawe wa mwisho, alikuwa juu ya stuli na skrubu mdomoni, akifunga juu ya fremu ya mlango kidude cheupe cha kuenea kiganjani, chenye jicho moja jeusi.

"Ndiye huyo?" Mama akauliza.

"Ndiye huyo, mama. Kaka ametutumia. Anaona mchana, anaona gizani, anasikia na anasema."

"Anakula?"

"Hali."

"Basi ni mgeni mzuri," Mama akasema, na jina likabaki hapo. Tangu siku ile kamera ikaitwa Mgeni.

Nyumba yenyewe ilikuwa chumba cha kulala, sebule na jiko. Walikaa wawili: Mama, mwenye miaka sabini na minne, presha na magoti mabovu, na binti yake, ambaye kiwandani walimwita Kola kwa kuwa alikuwa ameshona kola za mashati miaka kumi na mmoja, na jina likamfuata mpaka nyumbani. Kola alitoka saa kumi na mbili asubuhi, akarudi saa kumi na mbili jioni. Katikati ya saa hizo Mama alikuwa na kuta nne. Mwaka ule alikuwa ameanguka mara mbili, na mara ya pili alilala sakafuni mpaka jirani alipomkuta. Hofu ya nyumba nzima ilikuwa hiyo moja: kwamba siku moja Mama ataanguka na asiwepo wa kumwinua.

Kaka Mkubwa, aliyekuwa nchi za watu mwaka wa tisa, alikuwa na dawa ya kila tatizo, na dawa zake zote zilikuja kwa posta. Mgeni alikuja hivyo, ndani ya boksi, pamoja na karatasi ya maelekezo ambayo hakuna aliyeisoma. Kitinda akaiingiza picha katika simu tatu, ya Kaka, ya Kola na yake mwenyewe. Mtu akifungua simu kutazama, kwenye paji la Mgeni kulikuwa na kitaa kinachowaka kijani, ili anayetazamwa ajue.

Jicho halikuona sebule yote. Kitinda akasogeza kiti cha Mama mbele ya mlango, akakizungushia sakafuni utepe mweusi wa mafundi umeme.

"Kiti kisitoke humu, mama. Kikitoka tutakuona nusu."

"Nusu ipi?" Mama akauliza, wakacheka wote.

Wa kwanza kukosana na Mgeni alikuwa Dobi. Huyu ndiye jirani aliyemkuta Mama sakafuni, mwanamke wa mlango wa pili afuaye nguo za watu na kuzisambaza kwa mkokoteni. Kila siku saa nne, akishaanika, aliingia kwa Mama bila kubisha hodi ya maana, wakanywa chai na kuwasema watu wa mtaa mzima kwa haki na usawa.

Wiki ile ile Dobi aliishiwa sukari. Mama akamwambia achote mwenyewe kabatini, kama siku zote. Alikuwa anatoka na kikombe chake kimejaa, sauti ya mwanamume ikamshukia kutoka juu ya mlango:

"Wewe mama, hiyo sukari unaipeleka wapi?"

Dobi aliruka. Kikombe kikaanguka. Alitazama nyuma, akatazama chini ya meza, hakuona mwanamume.

"Nakuona," sauti ikasema. "Mimi ni mwanawe."

"Mwache! Nimempa mimi!" Mama akapiga kelele, lakini hakujua anayesema naye yuko upande gani, akaugombeza ukuta.

Dobi alipiga magoti akazoa sukari yote, punje kwa punje, akairudisha mezani ikiwa na mchanga wake. "Mama, mimi fukara lakini si mwizi," akasema taratibu. "Karibu kwangu siku ukiweza kutembea. Mimi kwenye sinema za watu siingii tena."

Jioni Kola alikwenda kuomba radhi, akasimama kati ya mashuka yanayotiririka maji. "Dada, tusamehe. Kaka hakukujua."

"Nimesamehe," Dobi akasema, akikamua. "Ila mama yako sasa ana walinzi watatu. Dobi wa nini?"

Kiwandani simu zilikatazwa kwenye mashine. Kola aliificha yake ndani ya mfuko wa aproni, chini ya kitambaa cha jasho. Lakini Mgeni alikuwa na tabia nyingine ambayo ilikuwa kwenye ile karatasi isiyosomwa: kila Mama aliposogea, simu iliarifu, tena kwa sauti ya kike iliyonyooka kama ya mtangazaji.

"Kuna mwendo ndani ya nyumba."

Siku ya kwanza wenzake walidhani ni redio. Siku ya tatu msimamizi alisimama nyuma yake. Msimamizi waliyemwita Bwana Dakika, kwa kuwa alihesabu hata za chooni, alinyoosha mkono juu, na mashine arobaini zikazimwa.

"Leta."

"Bosi, ni mama yangu, ni mgonjwa..."

"Leta hiyo simu, Kola. Tuione na sisi hiyo nyumba yenye mwendo."

Aliipokea, akaigeuzia watu, akaiinua juu ili hata wa safu ya nyuma waone. Alitaka kumwaibisha mshonaji mmoja tu, haki ya Mungu hakujua kilichomo. Mama alikuwa anabadilisha nguo. Alisimama katikati ya kioo cha simu na shimizi peke yake, mikono imekwama juu ya kichwa ndani ya gauni, matiti yake ya uzee yamelala tumboni, anahangaika. Mtu mmoja alicheka, kisha hakuna aliyecheka. Arobaini walitazama pembeni, lakini macho hayana pazia, walikuwa wameshaona.

Bwana Dakika aliiteremsha simu kama imemuunguza. "Ikilia tena," akasema bila kumtazama, "nenda ukakae naye."

Kola hakumwambia Mama kile walichokiona watu arobaini. Hakumwambia siku ile wala siku yoyote. Usiku wa siku hiyo, simu ikiwa imeegemezwa kwenye kopo la majani, watoto watatu walikaa kikao na mama yao: Kola mezani, Kaka na Kitinda ndani ya simu, kila mmoja na kidirisha chake.

"Mama, ukitembea tembea simu inalia," Kola akasema. "Nitafukuzwa kazi."

"Nisitembee?"

"Msalani nenda. Ila hizi za kufagia, za kupanga vyombo, sijui za kwenda dirishani... tulia, mama. Kaa tu upumzike."

"Na mimi nitaipunguza ukali kwa huku," Kaka akasema. "Isilie kwa kitu kidogo. Ilie mtu mzima akisimama akatembea."

Mama aliwatazama wote watatu, mmoja wa kweli na wawili wa kioo. "Sasa nikitulia, mtajuaje kama nimetulia au nimekufa?"

Wakacheka. Mama alikuwa mtu wa utani. Kaka ndiye aliyepata jibu, na alilitoa kwa furaha ya mtu aliyemaliza kazi.

"Tuweke ishara. Ukiona taa ya kijani, ujue mmoja wetu anakutazama. Inua kidole. Basi. Tukiona kidole, tunajua Mama mzima."

"Na akiwa na shida?" Kitinda akauliza.

"Akiwa na shida hatainua."

Wote waliona ni sawa. Mama akajaribu palepale. Kaka akafungua jicho, taa ikawaka, Mama akainua kidole cha shahada cha mkono wa kushoto juu ya mkono wa kiti, kama mwanafunzi anayejua jibu. Wakampigia makofi.

Miezi minne ikapita vizuri mno. Kiwandani simu haikulia tena mbele ya Bwana Dakika. Saa sita Kola alipata dakika kumi za chakula; mbili kati ya hizo alizitumia chooni, mlango umefungwa kwa komeo, akimtazama mama yake mdogo kama dole gumba. Kidole kinapanda. Kola anatabasamu, anavuta maji bure ili wenzake wasishangae, anarudi kwenye kola zake. Katika kundi la simu waliloliita Mama Yetu waliandikiana maneno mawili, mara tatu kwa siku: "Kidole juu." Kaka aliyakuta akiamka, akaenda kazini na moyo mweupe.

Mama alijifunza kutulia. Mwanzo alikuwa na kazi nayo, mwili wake ulizoea kuhangaika. Baadaye akaiweza kuliko mtu yeyote. Alikaa ndani ya utepe wake, mikono juu ya mikono ya kiti, macho juu ya mlango. Ugoro alioupenda aliuacha, asionekane akipiga chafya. Alipotaka kujikuna alisubiri. Alipotaka kula kitu kisicho na adabu, muwa au mfupa, alikwenda nyuma ya mlango, mahali ambapo jicho halikufika, akala amesimama gizani kama mwizi katika nyumba yake. Akitaka kwenda msalani aliaga. "Nakwenda, narudi," alimwambia Mgeni, hata taa ikiwa imezimwa.

"Mama, unaongea na nani?" Kola alimwuliza jioni moja.

"Kuna wakati anawaka halafu hasemi," Mama akajibu. "Ananitazama tu. Mimi nainua kidole, yeye yupo. Nainua tena, yupo. Huwa ni nani?"

Kola aliuliza kundini. Kitinda akasema si yeye. Kaka akasema labda aliisahau wazi akiwa kazini. Wakaishia hapo.

Wakati mwingine taa iliwaka wote wawili wakiwa mezani wanakula. Hapo hapo migongo iliwanyooka, wakatafuna kwa midomo iliyofungwa, na maneno yakapungua. Ikizimika, mabega yalishuka. Na Kola naye alishaanza yake. Usiku akiwa jikoni, akitaka kujua kama Mama amelala pale kitini, hakwenda kuchungulia. Ilikuwa hatua nane. Alifuta mikono, akafungua simu.

Ile siku ilikuwa Jumanne, na ilikuwa siku njema. Asubuhi Kola alimwekea Mama chai na mkate juu ya kistuli, akamwambia kwaheri akiwa ameshatoka. Mashine yake haikukata uzi hata mara moja. Saa nne Kaka aliandika: "Kidole juu. Mama leo kajituliza kama malkia." Saa sita Kola aliingia chooni, akafungua simu. Mama alikuwa kitini, ndani ya utepe, kichwa kimelalia bega kidogo. Kidole kikapanda.

Siku ile alikuwa na moyo wa kuzungumza. Akabonyeza pa kusemea, akanong'ona, "Mama, umekula?"

Kidole kikapanda.

"Umeshiba?"

Kidole kikapanda tena, mara mbili, mara tatu, haraka haraka.

"Haya mama, pumzika," akasema, akacheka peke yake, akavuta maji.

Saa tisa Kitinda akaandika: "Kidole juu. Leo ana raha huyo." Saa kumi Bwana Dakika alisimama nyuma ya mashine ya Kola, akahesabu mafungu, akasema neno ambalo hakuwahi kulisema miaka kumi na mmoja: "Vizuri." Kola akarudi kwa miguu, njia nzima anajisikia mtu. Kwenye kona ya soko akafungua simu tena. Mama yupo, kidole juu. Basi hakuwa na haraka. Akachagua nyanya moja moja, akasimama nusu saa na shoga yake wa zamani wakisimuliana ya dunia.

Alipoingia taa ya sebuleni ilikuwa haijawashwa. Akaiwasha akipita. "Shikamoo mama," akasema, akaelekea jikoni bila kugeuza shingo. Ageuze ya nini, ameshamwona. Hakusikia marahaba, akadhani maji ya bomba yameifunika. Akakata vitunguu, akasimulia kwa sauti kuhusu Bwana Dakika na lile "vizuri" lake, akamwiga alivyokunja midomo, akangoja Mama acheke.

Kimya.

"Mama umelala?" Akafuta mikono. Akafungua simu. Pale kwenye kioo, hatua nane kutoka alipo, Mama alikuwa ameketi macho wazi, anamtazama. Kidole kikapanda.

"Kumbe uko macho," Kola akasema, akaendelea na vitunguu.

Kilichomshtua hakikuwa picha. Picha ilikuwa nzuri. Alipoleta sahani sebuleni, mguu wake ulikanyaga maji ya vuguvugu ndani ya utepe, na harufu ikampanda puani, na simu haina harufu. Mkojo ulikuwa umetiririka mguuni mwa Mama, umekauka, umetiririka tena. Kistulini palikuwa na kikombe cha asubuhi, kimejaa vilevile, chai imeota utando na siafu wawili wamekufa juu yake. Mkate ulikuwa mzima. Mdomo wa Mama ulikuwa umeanguka upande wa kulia, na udenda ulikuwa umelowesha bega lote. Kola alipaza sauti, lakini Mama hakumtazama yeye. Alikuwa anatazama juu ya mlango. Kidole kilipanda, kikashuka, kikapanda.

Dobi ndiye aliyefika wa kwanza. Hakuuliza. Alimwaga nguo za watu kutoka mkokotenini, akamnyanyua Mama kwa miguu, Kola kwa makwapa, wakamlaza juu ya mashuka safi ya wateja, wakausukuma mkokoteni mpaka barabara kubwa wakapate teksi.

"Nilimsikia," Dobi alisema akihema, bila kuulizwa. "Saa nne nilipita dirishani naanika, nikamsikia anakoroma vibaya. Nikachungulia. Taa yenu ya kijani inawaka. Nikasema, wenyewe wanamwona, mimi nani."

Hospitali daktari alikuwa msichana mwenye macho ya usingizi. Alimpima Mama, akaandika, kisha akauliza swali moja tu.

"Kiharusi kimeanza saa ngapi?"

Kola akatazama simu yake.

"Dawa zetu zinasaidia saa za mwanzo mwanzo," daktari akasema. "Ndiyo maana nauliza. Nani alikuwa naye?"

"Sisi," Kola akasema. "Watatu."

Kitinda alifika usiku ule, shati limechomoka, akasema Mgeni huwa anaweka kumbukumbu, kila kitu kimo. Wakakaa kwenye benchi la korido, vichwa vimegusana juu ya simu moja, wakairudisha siku nyuma. Saa tatu na dakika kumi asubuhi Mama alinyoosha mkono wa kulia kushika kikombe. Mkono haukufika. Ulisimama hewani, ukashuka wenyewe pajani kama si wake. Mama akautazama kwa mshangao. Akataka kuinuka, mwili ukakataa, kichwa kikaanguka begani. Simu hazikulia, kwa kuwa hakuna mtu mzima aliyesimama akatembea.

Kisha kidole kikaanza.

Kola alidhani kilipanda pale tu walipotazama. Hakikuwa hivyo. Kilipanda saa tatu na robo, saa tatu na nusu, saa tatu na dakika arobaini, wakati watoto wote watatu walikuwa kwenye shughuli zao na taa imezimwa. Kilipanda na kushuka bila kupumzika, kitu pekee kilichobaki kikimsikia, kikigonga mkono wa kiti. Ilipofika saa nne macho ya Mama yalitanuka ghafla, yakang'aa, na kidole kikaenda mbio. Wakajua hapo ndipo Kaka alipofungua. Baada ya nusu dakika macho yakafifia. Kaka alikuwa amefunga.

"Zima," Kitinda akasema.

Kola hakuzima. Aliipeleka mpaka saa sita. Macho ya Mama yakatanuka. Halafu ndani ya ile sebule tupu, kutoka juu ya mlango, akaisikia sauti ya mwanamke ambayo hakuitambua mara moja, tamu, ya kunong'ona, haina haraka:

"Mama, umekula?"

Kidole mbio.

"Umeshiba?"

Mbio, mbio, mbio.

"Haya mama, pumzika."

Na kicheko. Mama alitokwa na machozi kwa jicho moja. Yale yalikuwa hayaonekani kwenye kioo kidogo cha simu kule chooni.

Kitinda alikuwa ameinama, ameshika kichwa. Kola akampigia Kaka. Alikuwa kazini, zilisikika mashine.

"Nimeona," Kaka akasema kabla hajaulizwa. "Nimeitazama yote kwa huku." Akashusha sauti. "Lakini aliinua kidole, Kola. Wewe si umeona? Aliinua."

"Aliinua, kaka."

"Sasa tungejuaje?"

Kola akaishusha simu pajani. Wahenga walishasema fimbo ya mbali haiui nyoka, lakini yeye hakuwa mbali. Alikuwa jikoni, anakata vitunguu.

Mama alirudi nyumbani baada ya wiki tatu. Alirudi bila maneno, bila mkono wa kulia wala miguu. Wa kushoto ulibaki na kile kidole. Hospitali muuguzi mmoja mvumilivu alijaribu kumfundisha kujibu. "Una kiu?" Kidole juu. "Huna kiu?" Kidole juu. "Wewe ni ng'ombe?" Kidole juu. Muuguzi akamvuta Kola pembeni. "Huenda anaelewa kila kitu," akasema. "Na huenda ni mazoea tu ya mkono. Kwa kweli hatujui, dada."

Kiwandani Bwana Dakika alimpa Kola siku saba kwa roho nzuri. Ya nane mashine yake ikapewa mwingine. Sasa Kola anamsaidia Dobi kufua, ndoo zikiwa karibu na dirisha, na saa nne ikifika Dobi huingia kunywa chai. Kila akiingia hutazama kwanza juu ya mlango. Pamebaki matundu mawili ya skrubu na alama nyeupe ya duara.

Kaka alipiga simu Jumapili. "Rudisheni Mgeni basi. Nimwone mama."

"Njoo umwone," Kola akasema.

"Unajua huku hali ilivyo. Kazi, karatasi zangu..."

"Najua, kaka. Njoo umwone."

Simu ikakatika. Haikujulikana ni mtandao au ni yeye.

Kola akachukua stuli, akaiweka ndani ya utepe mweusi, ambao ulikuwa umekataa kubanduka hata kwa mafuta ya taa. Akakaa magoti yake yakigusa ya Mama. Hakuwahi kukaa karibu naye hivyo tangu Mgeni aje. Aliona vitu ambavyo kioo hakikumwonyesha: kope nyeupe, kovu dogo la kuungua kidevuni, namna ngozi ya shingo inavyopigapiga.

"Mama," akasema. "Siku ile nilikuona. Saa sita nilikuona, nikakwambia upumzike. Na jioni, nilipopita hapa..." Akashindwa. Akaanza upya. "Umenisamehe?"

Kidole kikapanda.

Furaha ikamjaa Kola kifuani kabla hajaizuia. Akakaa nayo kidogo. Halafu, kwa kuwa alikuwa mtu mkweli na hakuweza kujizuia, akauliza tena kwa sauti ya chini zaidi:

"Au hukunisamehe?"

Kidole kikapanda.

Akamtazama Mama machoni. Mama alikuwa anatazama juu ya mlango, kwenye yale matundu mawili. Kola akakifunika kidole kwa kiganja chake. Kikamsukuma. Kikashuka, kikamsukuma tena, kwa nguvu ambayo hakuijua alipokuwa akikitazama tu. Hakuuliza kitu kingine. Kistulini chai ilikuwa inapoa, imeanza kuvuta utando. Kola akaiona. Akaisogeza kwa mkono wa pili, akamnywesha kijiko kwa kijiko mpaka ikaisha, na muda wote kile kidole kikiendelea kumgonga kiganjani.